Nadia Asiyeogopa: Mwanamke wa Kitara na Mjeledi

Kabla ya daraja la sasa la Nyali kufunguliwa mwaka 1980, mkazi wa Mkomani au Kongowea aliyetaka kwenda kutazama sinema katika kisiwa cha Mvita ilimlazimu kuvuka mlango wa bahari juu ya daraja lililoelea majini. Daraja hilo liliwekwa mwaka 1931, na aliyelivuka alilipia. Kwa hiyo bei ya tiketi ya Regal au ya Naaz haikuwa gharama yake ya pekee. Kilichomvuta hata akaukubali usumbufu huo, mara nyingi, kilikuwa picha ya Kihindi. Na miongoni mwa picha za Kihindi zilizotia fora katika miji ya Pwani tangu miaka ya 1930 zilikuwamo zile ambazo watu waliziita kwa ufupi picha za kupigana. Humo mlikuwa na farasi, mjeledi, vitara vinavyometameta, na stelingi ambaye kila mtazamaji alijua tangu mwanzo kwamba hatakufa.

Jambo linalosahaulika upesi ni kwamba stelingi aliyevuma kuliko wengi katika picha za aina hiyo, kwa muda wa takriban miaka kumi, hakuwa mwanamume. Wala hakuwa Mhindi. Alikuwa mwanamke wa Kizungu mwenye nywele za rangi ya dhahabu na macho ya buluu, aliyezaliwa Australia kwa jina la Mary Ann Evans, na ambaye Bara Hindi nzima ilimjua kwa jina la Nadia. Waliozitangaza picha zake walimwongezea lakabu yenye maana ya mtu asiyeogopa. Lakabu za sinema aghalabu huwa za kuuzia tiketi tu, lakini hii mwenyewe aliilipia kwa viungo vyake.

Mary Evans alizaliwa tarehe 8 Januari 1908 mjini Perth, magharibi ya Australia. Baba yake, Herbert Evans, alikuwa askari katika jeshi la Uingereza, na mama yake, Margaret, alikuwa na asili ya Ugiriki. Mwaka 1913, mtoto akiwa na umri wa miaka mitano, familia ilikuwa Bombay, mji ambao leo unaitwa Mumbai. Miaka miwili baadaye baba aliuawa na Wajerumani katika Vita Kuu ya Kwanza. Vita hivyo ndivyo vilivyowatoa maelfu ya askari katika bandari hiyohiyo ya Bombay na kuwaleta hadi Tanga mwezi wa Novemba 1914, kwa hiyo msomaji wa Pwani hana haja ya kuelezwa jinsi vilivyowafikia watu waliokuwa mbali na chimbuko la ugomvi wenyewe. Kwa Mary, matokeo yake yalikuwa ni kukua bila baba katika nchi ambayo hakuwa mzaliwa wake.

Sehemu ya ujana wake aliipitisha Peshawar, mji wa mpakani unaoelekea Afghanistan. Huko hakujifunza yale ambayo binti wa askari wa Kiingereza alitarajiwa kujifunza, yaani piano na adabu za mezani. Alijifunza kupanda farasi, kulenga shabaha, kuvua samaki na kuwinda. Huo ndio uliokuja kuwa mtaji wa maisha yake, ingawa wakati ule hakuna aliyeweza kujua kuwa ungemfaa kwa lolote. Mwaka 1928 alirejea Bombay pamoja na mama yake na mtoto wake mchanga wa kiume. Hakuwa na mume wa kumtegemea, wala urithi.

Kazi ya kwanza aliyoipata ilikuwa ya kuuza bidhaa katika duka kubwa la Army and Navy. Kisha akajifunza kupiga chapa na hati mkato ili apate kazi ya ofisini. Alikuwa mnene, na jambo hilo lilimkera. Ndipo akajiunga na darasa la densi la bibi mmoja wa Kirusi aliyejulikana kwa jina la Madame Astrova, kwa nia ya kupunguza mwili. Mwili haukupungua sana. Hata hivyo, uligeuka kuwa mwepesi na mtiifu. Mwalimu alimchukua katika kikundi chake kilichozunguka Bara Hindi kikiwatumbuiza askari kambini, wafalme katika kasri zao, na hata watu wa kawaida katika miji midogo. Ni katika kipindi hiki ambapo mpiga ramli mmoja wa Kiarmenia alimwambia kwamba ili apate mafanikio, abadilishe jina na kuchukua linaloanza kwa herufi N. Akachagua Nadia. Mnamo mwaka 1930 hivi alifanya kazi katika sarakasi ya Zarko, na huko maarifa ya kupinduka, kupachua miguu na kuruka bila kuvunjika yakakamilika.

Katika kuzunguka huko ndipo meneja wa jumba moja la sinema mjini Lahore alipomwona na kumpeleka kwa ndugu wawili wa Bombay, Jamshed na Homi Wadia.

Ndugu hawa wanastahiki kuelezwa kidogo, kwani bila wao Nadia angeliishia jukwaani. Walikuwa Waparsi wa ukoo wa Wadia, ukoo wa mafundi wa merikebu. Tangu karne ya 18 wazee wao walikuwa wakiunda vyombo vya mbao katika gudi la Bombay, vikiwamo vya jeshi la wanamaji la Uingereza. Jamshed, aliyezaliwa mwaka 1901, alikuwa msomi wa fasihi na sheria, na ukoo haukufurahi hata kidogo alipoyaacha hayo yote akaingia katika biashara ya picha, kazi iliyohesabiwa wakati huo kuwa ya wahuni. Homi, aliyekuwa mdogo kwa miaka kumi, alimfuata kaka yake. Wote wawili walikuwa wamelewa mapenzi ya picha za Marekani za wakati wa sinema bubu: Douglas Fairbanks akiruka kutoka roshani hadi roshani na upanga mkononi, akivaa kifuniko cha uso kama Zorro, na Pearl White, mwanamke aliyeponea chupuchupu kila wiki mbele ya macho ya watazamaji. Mwaka 1931 ilitolewa Alam Ara, picha ya kwanza ya Kihindi yenye sauti, na watengenezaji wengine wakakimbilia nyimbo na mazungumzo marefu. Akina Wadia walianzisha kampuni ya Wadia Movietone mwaka 1933, na wao wakaendelea kuamini kwamba mtu anayeruka ana mvuto kuliko mtu anayesema.

Jamshed hakumkubali Nadia moja kwa moja. Alimwona mweupe mno kwa hadhira ya Kihindi, na Kihindi chake kilikuwa kibovu. Alimshauri avae nywele za bandia, nyeusi na ndefu zenye kusukwa, na achukue jina la Kihindi. Nadia alikataa yote mawili. Kwa mwanamke aliyekuwa akitafuta riziki, mwenye mama na mtoto wa kulisha, kukataa huko mbele ya mwenye kampuni hakukuwa jambo dogo. Lakini Jamshed, badala ya kuudhika, aliuona moyo wa mtu aliyekuwa akimtafuta. Akampa kwanza sehemu ndogo katika picha mbili, kijakazi katika Desh Deepak na binti mfalme katika Noor-e-Yaman. Watazamaji walimpenda. Ndipo Jamshed akaketi kumwandikia picha nzima.

Hunterwali, maana yake mwanamke mwenye mjeledi, ilitolewa mwaka 1935 chini ya uelekezaji wa Homi. Kisa chake ni cha Madhuri, binti mfalme ambaye nchi ya baba yake imeangukia mikononi mwa waziri dhalimu aitwaye Ranamal. Waziri anamfunga mfalme na kutaka kumwoa binti kwa nguvu. Mchana Madhuri ni binti wa kasri; kisha hujifunika uso, akavaa suruali fupi na viatu virefu, akapanda farasi na kutoka kwenda kuwapokonya matajiri na kuwatetea wanyonge kwa mjeledi na upanga. Kijana Jaswant, aliyechezwa na Boman Shroff, ambaye naye amedhulumiwa na utawala huo, kwanza anagombana naye kwa sababu ya farasi aliyeibwa, kisha anakuwa msaidizi wake. Ni msaidizi, si mwokozi; tofauti hiyo ndiyo iliyoifanya picha kuwa kitu kipya. Katika hadithi za kabla ya hapo, binti hukaa dirishani akingojea. Huyu alishuka dirishani kwa kamba.

Picha hiyo iligharimu takriban rupia 80,000, fedha nyingi kwa wakati huo, na ilipokamilika wasambazaji waliikataa. Walimtazama mwanamke mweupe aliyevaa suruali fupi akiwacharaza wanaume, wakaamua kwamba hakuna atakayelipa kuona upuuzi huo. Akina Wadia, pamoja na rafiki yao Manchersha Billimoria, wakaitoa wenyewe katika ukumbi wa Super mjini Bombay. Watu walijaa kwa zaidi ya wiki 25. Wachuuzi, bila ya kuomba ruhusa ya mtu, walianza kuuza mijeledi, mikanda, karata na viberiti vya Hunterwali. Aliyekataliwa jana akawa chapa ya kiberiti. Ukiyatafuta mafanikio katika mji wa wafanyabiashara, hakuna kipimo cha kweli kuliko hicho.

Inafaa kuangalia kwa makini kazi yenyewe ilivyokuwa, kwa sababu mtazamaji wa leo, aliyezoea hila za kompyuta, huenda akaidharau. Katika mapigano ya upanga ya sinema hakuna anayempiga mwenziwe kwa nia ya kumdhuru, na hapo ndipo ugumu ulipo. Kila pigo lina hesabu yake. Mshambuliaji anajua kitara kitashuka wapi na mkingaji anajua atakiinua chake lini, kama wachezaji wa ngoma wanavyojua zamu za miguu. Mmoja akikosea hesabu, chuma hukutana na mwili. Yeyote aliyewahi kutazama kirumbizi huko Lamu anajua kwamba fimbo zinazogongana kwa mpangilio si mchezo wa mtoto, na kwamba uzuri wake unatokana na hatari iliyodhibitiwa. Basi na ongeza juu ya hayo ngazi za kasri la mbao na turubai, farasi aliyeshtuka, kamera isiyoweza kurudia mara nyingi kwa kuwa filamu ni ghali, na wapinzani saba wanaokuja kwa zamu. Mafundi wa picha wa zama hizo walikuwa na hila ya kuizungusha kamera polepole wakati wa kupiga ili mapigano yaonekane ya kasi wakati wa kuonyeshwa. Lakini hila hiyo ilizidisha kasi ya kilichokuwapo tu. Haikuweza kuumba kisichokuwapo.

Nadia hakuwa na mtu wa kumwakilisha katika vituko vya hatari. Alibembea mwenyewe, akaruka mwenyewe kutoka paa hadi paa, akawainua wanaume juu ya mabega na kuwatupa. Densi ya Madame Astrova ilimpa mizani, sarakasi ikampa ujuzi wa kuanguka, Peshawar ikampa farasi. Hata unene uliomkera ujanani ulimfaa. Mwanamke mwembamba akimbeba mwanamume, watu hucheka. Nadia alipombeba, waliamini. Wakati wa kupiga picha ya Jungle Princess, iliyotolewa mwaka 1942, aliwekwa pamoja na simba wa kweli, na simba jike mmoja aliruka juu ya vichwa vya waigizaji na mpiga picha. Kazi iliendelea. Mikataba ya wakati huo haikujali sana viungo vya mfanyakazi, na sifa ya kutoogopa, ambayo ilimletea jina, ilikuwa pia rahisi mno kwa mwenye kampuni: asiyeogopa hadai bima.

Mwaka 1936 ilifuata Miss Frontier Mail. Hapa hakuna kasri wala wafalme. Nadia ni Savita, msichana wa kisasa mwenye kuendesha gari na kucheza tenisi, ambaye mzee wake, mkuu wa stesheni, anasingiziwa uuaji. Adui ni mtu aliyejifunika uso na kujiita Signal X, anayeiharibu reli kwa manufaa ya wenye kampuni ya ndege wanaotaka abiria wahame. Sehemu inayokumbukwa zaidi ni mapigano juu ya mapaa ya mabehewa, garimoshi likienda. Frontier Mail lilikuwa garimoshi la kweli, lililoanza safari zake mwaka 1928 kati ya Bombay na Peshawar, na hivyo Nadia alikuwa akipigana juu ya njia iliyounganisha miji miwili ya ujana wake. Katika nchi kama Kenya, ambako reli iliyoanzia Mombasa ndiyo iliyoufanya ukoloni uwezekane, picha ya mapambano juu ya garimoshi haikuhitaji mkalimani.

Neno hilo la mkalimani lina uzito wake. Wengi wa Waswahili na Wamijikenda waliokaa katika kumbi za Mombasa hawakujua Kihindi. Nadia naye, tangu mwanzo hadi mwisho, hakukijua vizuri. Matamshi yake yalikuwa ya kigeni na waandishi wakampunguzia maneno. Kile ambacho wakosoaji wa Bombay walikihesabu kuwa dosari ndicho kilichozisaidia picha za aina hiyo kusafiri. Kitara hakina lafudhi. Mtazamaji wa Mvita aliye na hadithi za Fumo Liyongo kichwani, na aliyekwisha kusikia Alfu Lela U Lela barazani, alimtambua mara moja waziri dhalimu, mfalme aliyefungwa na shujaa aliyejificha, hata kama hakufahamu sentensi moja. Biashara yenyewe ilikwisha kutayarishiwa njia: huko Unguja ukumbi wa Royal ulikuwa umefunguliwa tangu mwaka 1921, na wafanyabiashara wenye asili ya Kihindi waliokuwa na kumbi katika miji ya Pwani walikuwa na jamaa na mawakala Bombay. Aidha, katika miji hiyo yalikuja kuwapo maonyesho ya wanawake watupu, ambako mabibi waliofika kwa mabuibui waliweza kukaa bila ya macho ya wanaume. Si vigumu kukisia kwa nini picha ya mwanamke anayemwangusha waziri ingewapendeza.

Lakini kuna suala moja ambalo waliomsifu Nadia wamelipita haraka, nalo ni rangi yake. Mwaka 1935 Bara Hindi ilikuwa chini ya Mwingereza, kama ilivyokuwa Kenya. Katika mashamba ya walowezi wa Kenya mkono mweupe wenye kiboko ulikuwa jambo la kila siku, na haukuwa mkono wa kuwatetea wanyonge. Imekuwaje basi umma uliotawaliwa na Wazungu umshangilie Mzungu mwenye mjeledi? Jibu moja ni kwamba ndani ya hadithi Nadia alikuwa Mhindi, jina lake Madhuri au Savita, na watazamaji walikubali hivyo kama wanavyokubali nyimbo katikati ya vita. Jibu jingine ni la kisiasa. Jamshed Wadia aliunga mkono harakati za uhuru, na kwa kuwa wakaguzi wa serikali walizuia kauli za wazi, aliupitisha ujumbe wake kupitia milango ya nyuma: mfalme halali aliyefungwa, mtawala mnyang'anyi, raia wanaosimama. Katika Diamond Queen ya mwaka 1940, Nadia anarudi kutoka Bombay na kuukuta mji wake umeshikwa na afisa mwovu, naye anapigana huku akitetea elimu na uhuru wa wanawake. Kuyatia maneno hayo katika kinywa cha mwanamke mwenye sura ya Kiingereza kulimfanya mkaguzi asishtuke. Majibu yote mawili yana ukweli. Hata hivyo, hayaondoi uwezekano wa tatu, usiopendeza: kwamba mwanamke wa Kihindi angelifanya hayohayo, jamii ile isingelimvumilia kwa urahisi. Ugeni wa Nadia ulimruhusu avae suruali fupi na kuwapiga wanaume bila ya aibu yake kuangukia nyumba yoyote. Uhuru aliouigiza ulikuwa wa wote. Uliowezekana kuigizwa ulikuwa wa mgeni.

Nje ya kamera, uhuru wake mwenyewe ulikuwa na mipaka. Yeye na Homi walipendana tangu miaka ya mwanzo ya kazi. Mama yake Homi hakukubali mwanawe amwoe mwanamke asiye Mparsi, tena mwenye mtoto. Homi alikuwa mwelekezi mashuhuri, na Nadia alikuwa mwanamke ambaye umma ulimwamini kuwa hashindwi na majeshi. Lakini mbele ya mama mmoja wote wawili walisalimu amri, wakangoja. Walioana mwaka 1961, baada ya mama huyo kufariki. Nadia alikuwa na umri wa miaka 53.

Kabla ya kufika hapo, kampuni ilikwisha kuvunjika. Jamshed alizidi kuchoshwa na picha za vituko na kutaka kutengeneza kazi ambazo wasomi wangeziheshimu. Homi aliamini kwamba Nadia ndiye aliyekuwa akilipa gharama za ndoto hizo. Alikuwa na haki. Mwaka 1942 ndugu waliachana kikazi: Homi alianzisha kampuni yake ya Basant, na jengo la Wadia Movietone likaangukia mikononi mwa V. Shantaram aliyeligeuza kuwa Rajkamal Kalamandir. Mwaka huohuo Nadia alionekana katika Muqabala akiigiza sehemu mbili kwa pamoja, kwa ustadi wa fundi wa hila za kamera Babubhai Mistry. Na mwaka 1943 Homi akatoa Hunterwali Ki Beti, yaani binti wa Hunterwali, iliyoisimamisha Basant kwa miguu yake. Kando ya Nadia katika picha nyingi alikuwa John Cawas, mtunisha misuli aliyekwisha kuigiza Toofani Tarzan mwaka 1937. Wawili hao waliendeleza kazi hiyo muongo mzima wa 1940.

Baadaye zama zikabadilika. Bara Hindi ilipata uhuru mwaka 1947 na watazamaji wakataka machozi na mapenzi. Awara ya Raj Kapoor, ya mwaka 1951, na Mother India, ya mwaka 1957, ziliteka nyoyo za watu wa Pwani kwa namna ambayo bado inazungumzwa. Homi mwenyewe alihamia katika hadithi za majini na mazulia yarukayo: Aladdin, Alibaba na wezi arobaini, Hatim Tai. Nadia, ambaye umri ulikuwa ukimpita, alibakiwa na picha kama Carnival Queen na Circus Queen, na huko mwisho mwisho wa miaka ya 1950 akapumzika.

Yapo pia maelezo mengine ya kwa nini huku Pwani jina lake lilififia ilhali nyimbo za waliomfuata zilidumu. Wimbo huweza kubebwa kutoka ukumbini hadi nyumbani. Waimbaji wa taarabu wa Mombasa, na juu yao wote Mohamed Juma Bhalo aliyefariki mwaka 2014, walizichukua mahadhi za sinema za Kihindi wakazivika maneno ya Kiswahili, na hivyo picha zenyewe zikaendelea kuishi harusini. Pigo la upanga halina mahadhi. Likishapita kwenye pazia jeupe limekwisha, isipokuwa kwa watoto wanaoliiga kwa vijiti kesho yake uchochoroni, nao hukua.

Mwaka 1968, akiwa na miaka 60, Nadia alirudi mara moja katika Khilari, picha ya majasusi iliyofuata mtindo wa James Bond. Haikumrudishia enzi yake, na pengine hakuitarajia. Baada ya hapo aliishi maisha ya kimya pamoja na Homi mjini Bombay, na kizazi kipya cha watazamaji kikawa hakimjui kabisa. Jamshed alifariki mwaka 1986.

Aliyemtoa katika kimya hicho ni kijana wa ukoo huohuo, Riyad Vinci Wadia, mjukuu wa Jamshed, ambaye mwaka 1993 alitengeneza filamu ya maelezo ya kweli kuhusu maisha yake. Filamu hiyo ilizunguka katika matamasha ya ng'ambo, na wataalamu wa sinema, waliokuwa wamezitupa picha za vituko katika daraja la chini, wakaanza kuziandikia vitabu. Bi kizee wa miaka 85 akajikuta anaitwa mwanzilishi wa jambo ambalo yeye, wakati akilifanya, alilihesabu kuwa kazi ya kulipia kodi ya nyumba.

Nadia alifariki mjini Mumbai tarehe 9 Januari 1996, siku moja baada ya kutimiza miaka 88. Homi, aliyemwelekeza katika Hunterwali akiwa kijana wa miaka 24, aliishi miaka minane zaidi, hadi mwaka 2004.